Maswali ya Wasomaji: Njia ya Samatta, na makaratasi yanayofungua mlango wa Ulaya

Barua nyingi za mwezi huu zinamhusu Mbwana Samatta, mshambuliaji wa Tanzania. Nyingine zimetoka kwa wazazi na walimu wa soka wenye vijana wanaotaka kupita alikopita yeye. Tumeziweka pamoja kwa sababu ni habari moja.

Kwa nini Samatta alipitia Kongo? Kipaji chake kilionekana tangu akiwa Simba. Si angekwenda Ulaya moja kwa moja, akauzwa ghali akiwa bado mdogo? – Msomaji, Temeke

Wengi huihesabu miaka yake ya Lubumbashi, Kongo, kama miaka ya kusubiri. Sisi tunaamini ndiyo iliyomfikisha Ulaya.

Tuanze na ilivyokuwa. Samatta alizaliwa Desemba 1992, akachezea African Lyon, na mwaka 2010 akatua Simba. Mwaka 2011 Simba ikapangwa na TP Mazembe katika Ligi ya Mabingwa Afrika. Mazembe walikuwa wamelibeba kombe hilo mara mbili mfululizo, 2009 na 2010, na Desemba 2010 walikuwa wamecheza fainali ya Klabu Bingwa ya Dunia na Inter Milan. Simba ilifungwa 3-1 Lubumbashi, ikafungwa tena 3-2 Dar es Salaam. Hata hivyo Mazembe walimwona kijana wa miaka 18 aliyewasumbua mabeki wao, na mwaka huohuo wakamnunua.

Sasa linganisha. Kijana huyo angekwenda Ulaya mwaka 2011, angekwenda na nini mkononi? Msimu mmoja wa Simba na mechi chache za Afrika. Klabu ya Ulaya ingemweka timu ya vijana au kumtoa kwa mkopo daraja la pili, kwenye baridi na lugha ngeni. Lubumbashi alikuta mji unaozungumza Kiswahili, klabu ya Moïse Katumbi yenye uwanja wake wa Kamalondo, na kila mwaka mechi dhidi ya timu za Algeria, Misri, Tunisia na Morocco. Beki wa Kiarabu anayekuvuta jezi dakika 90 mbele ya mashabiki wake ni shule ambayo mechi za vijana za Ulaya hazina.

Matunda yalikuja 2015. Mazembe walitwaa Ligi ya Mabingwa kwa kuifunga USM Alger 2-1 Algiers na 2-0 Lubumbashi. Samatta alifunga katika mechi zote mbili, akamaliza mashindano na mabao 7. Januari 2016, mjini Abuja, alitangazwa Mchezaji Bora wa Afrika kwa wanaocheza ndani ya bara, wa kwanza kutoka Afrika Mashariki. Mwezi huohuo Genk ya Ubelgiji ikampa mkataba wa miaka minne na nusu.

Gharama ya njia hii ipo, na hatuifichi. Aliingia Ulaya akiwa na miaka 23. Klabu kubwa hununua washambuliaji wa miaka 19 au 20 ili wawauze tena wakifika 24. Alipong'ara kikamilifu alikuwa na 26, umri ambao mnunuzi anaanza kuhesabu miaka iliyobaki. Lakini aliingia kama mtu mzima, bingwa wa Afrika, anayejua kufunga. Kwa mchezaji anayetoka ligi isiyotazamwa na maskauti wengi, tungeichagua njia hiyo tena.

Kwa nini Ubelgiji? Naona Waafrika wengi wanaanzia huko. – Msomaji, Nakuru

Kwa sababu ya sheria, kisha biashara. Ligi ya Ubelgiji haina ukomo wa idadi ya wachezaji wasiotoka Umoja wa Ulaya. Badala yake serikali inaweka kima cha chini cha mshahara kwa mchezaji wa namna hiyo. Samatta alipokuwa anaondoka Genk, kiwango hicho kilikuwa kimepita kidogo euro 80,000 kwa mwaka. Uholanzi hudai fedha nyingi zaidi, ndiyo maana klabu za huko husita. Ubelgiji kiwango kinavumilika, lakini kinatosha kumzuia mwenye klabu asilete wageni kumi wa bei rahisi kujaribu bahati.

Upande wa biashara, klabu kama Genk inaishi kwa kununua, kukuza na kuuza. Kevin De Bruyne, Thibaut Courtois, Kalidou Koulibaly na Wilfred Ndidi wote wamepita pale. Ukifanya vizuri Genk, wanunuzi tayari wako jukwaani.

Ndugu wahariri, semeni ukweli: Samatta alifeli Aston Villa. Bao moja la ligi! Tatizo lilikuwa nini? – Msomaji, Mwanza

Hesabu yako ni sahihi: mechi 14 za Ligi Kuu ya England, bao 1. Ukijumlisha Kombe la Ligi, ni mechi 16 na mabao 2. Neno "alifeli" ndilo tunalotaka kulijadili, kwa sababu mambo matatu yalikutana.

La kwanza ni namna alivyonunuliwa. Straika wa Villa, Wesley, aliumia vibaya goti tarehe 1 Januari 2020 kwenye mechi ya Burnley. Villa walikuwa wanapigania kutoshuka daraja na dirisha dogo lilikuwa wazi. Samatta akasaini tarehe 20 Januari. Ununuzi wa dharura hauna maandalizi: hakuna wiki sita za kabla ya msimu, hakuna mechi za kirafiki za kuzoeana na viungo. Siku nane baada ya kusaini alianza nusu fainali ya Kombe la Ligi dhidi ya Leicester, Villa wakashinda 2-1. Tarehe 1 Februari akafunga bao dhidi ya Bournemouth. Tarehe 1 Machi, Wembley, Villa wakiwa nyuma 2-0 mbele ya Manchester City, alijirusha akaupiga kichwa mpira wa mwenzake El Ghazi ukaingia. Mechi ikaisha 2-1. Hakuna Mtanzania aliyewahi kufunga pale kabla yake.

La pili ni korona. Ligi ilisimama katikati ya Machi na kurudi Juni. Kwa mchezaji aliyekaa na wenzake chini ya miezi miwili, kusimama huko kuliukata moto uliokuwa unaanza kuwaka.

La tatu, na kwetu ndilo zito kuliko yote, ni aina ya mshambuliaji aliye. Samatta hapigi chenga mabeki watatu kisha akafunga. Uhodari wake ni wa ndani ya boksi: anajificha nyuma ya bega la beki, anawahi nguzo ya karibu, anaruka juu kuliko urefu wake unavyoruhusu, anamalizia kwa mguso mmoja. Mchezaji wa namna hiyo anaishi kwa huduma. Msimu wa 2018/19, Genk ikiwa chini ya Philippe Clement, alikuwa na Alejandro Pozuelo, Ruslan Malinovskyi na Leandro Trossard wakimtafuta kila dakika. Akafunga mabao 23 ya ligi, Genk ikawa bingwa, naye akapewa Kiatu cha Ebony, tuzo ya mchezaji bora mwenye asili ya Afrika nchini Ubelgiji. Villa ilikuwa timu inayolinda kwa muda mrefu, na mashambulizi yake mengi yalipita miguuni kwa Jack Grealish upande wa kushoto, akikokota, akisimama, akitafuta faulo. Wakati huo namba tisa anakimbia kuwasumbua mabeki na kurudi kukaba. Krosi za mapema, chakula chake, hazikuja.

Villa walinusurika siku ya mwisho ya msimu. Septemba wakamnunua Ollie Watkins, na Samatta akaondoka. Anayetaka kumpima kwa haki aitazame tena Novemba 2019, Anfield: kona inapigwa, anaruka mbele ya mabeki wa Liverpool waliokuwa mabingwa wa Ulaya, na kichwa kinakwenda wavuni. Wiki saba kabla yake alikuwa ameshafunga bao dhidi ya Salzburg katika mechi ya kwanza ya Mtanzania kwenye Ligi ya Mabingwa Ulaya. Uwezo ulikuwapo.

Je, Samatta ndiye Mwafrika Mashariki wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya England? – Msomaji, Bujumbura

Hapana. Victor Wanyama wa Kenya aliingia Southampton mwaka 2013 akitokea Celtic. Na nyumbani kwenu Bujumbura alizaliwa Saido Berahino, aliyeanza kuichezea West Bromwich Albion kwenye ligi hiyo mwaka 2013 na baadaye akavaa jezi ya Burundi. Samatta ni Mtanzania wa kwanza.

Nilisoma kwamba Villa walimtoa "kwa mkopo" Fenerbahçe, lakini pia kwamba Fenerbahçe walimnunua. Kipi ni kweli? – Msomaji, Zanzibar

Vyote viwili. Septemba 2020 alikwenda Istanbul kwa mkopo wa msimu mmoja ambao ndani yake kulikuwa na sharti la kununuliwa mwishoni. Klabu hufanya hivi ili malipo yaangukie mwaka wa fedha unaofuata, na kwa Uturuki hilo lina uzito kwa sababu klabu zake hubanwa na masharti ya matumizi.

Mchezaji atofautishe maneno mawili kwenye karatasi: *haki* ya kununua na *wajibu* wa kununua. Haki ina maana klabu ya mkopo inaweza kukuacha Juni ukarudi ulikotoka, kwa kocha aliyekwisha kukusahau. Wajibu ina maana umeshauzwa, tarehe tu haijafika. Mara nyingine wajibu hufungwa kwa sharti, kwa mfano acheze mechi 20, na hapo ndipo kijana hushangaa amewekwa benchi mechi ya 19 akiwa mzima wa afya. Soma namba hiyo kabla hujasaini.

Baada ya hapo Fenerbahçe nao walimtoa kwa mkopo: Royal Antwerp msimu wa 2021/22, kisha Genk tena 2022/23. Mwaka 2023 akahamia PAOK ya Thessaloniki, wakatwaa ubingwa wa Ugiriki msimu wa kwanza tu, na mwaka 2025 akaenda Le Havre, Ufaransa. Wapo wanaouita mzunguko huu kushuka. Mshambuliaji aliyevuka miaka 30 na bado anasajiliwa na klabu za ligi kuu za Ulaya ametunza mwili wake kwa nidhamu ambayo vijana wengi wenye kipaji kuliko yeye hawakuwa nayo.

Mwanangu ana miaka 16. Amekuja mtu anasema ni wakala, ana nafasi ya majaribio Ulaya na klabu itamsajili mwezi ujao. Anataka tumpe fedha za "kufungua faili". Nisaidieni. – Mama, Morogoro

Mama, shikilia fedha zako kwanza. Kuna jambo moja linaloweza kumaliza mazungumzo na mtu huyo leo hii: sheria ya FIFA, kifungu cha 19, hairuhusu mchezaji wa chini ya miaka 18 kusajiliwa na klabu ya nchi nyingine. Mwanao wa miaka 16 hawezi kusajiliwa Ulaya mwezi ujao. Anayekuambia anaweza, ama haijui sheria ama anakudanganya, na vyovyote iwavyo hafai kumshika mtoto.

Zipo njia chache za pembeni. Wazazi wakihamia nchi hiyo kwa sababu zisizohusu soka, mtoto anaweza kusajiliwa. Ndani ya Umoja wa Ulaya, wa 16 hadi 18 wanaweza kuhama kati ya nchi na nchi kwa masharti. Wanaokaa mpakani nao wana nafasi: mtoto wa Holili anaweza kuchezea timu ya Taveta ikiwa nyumba na klabu kila moja iko ndani ya kilomita 50 kutoka mpakani, analala nyumbani, na mashirikisho yote mawili yamekubali. Hakuna hata moja inayomhusu mgeni mwenye faili.

Mfano mzuri ni Kelvin John. Alitambuliwa mapema, akawa mwanafunzi wa Brooke House College huko Leicestershire, England, na mkataba wa Genk ulikuja Juni 2021, mwezi aliotimiza miaka 18. Walioongoza jambo lile walisubiri siku.

Mtu huyo akirudi, mwombe mambo haya, kwa maandishi. Jina lake kamili kama lilivyo kwenye leseni. Mawakala wenye leseni ya FIFA wameorodheshwa kwenye tovuti ya FIFA, litafute wewe mwenyewe, usikubali picha ya kwenye simu yake. Barua ya mwaliko kutoka klabu, kisha itafute klabu kwa anwani iliyo kwenye tovuti yao rasmi, si kwa namba iliyoandikwa kwenye barua. Barua za kughushi huwa na nembo safi na namba ya simu ya mwenzake. Nani analipa tiketi, malazi na kurudi. Klabu yenye nia hulipa yenyewe.

Kisha ujue wakala halipwi kwa "kufungua faili". Anayemwakilisha mtoto haruhusiwi kudai ada isipokuwa mtoto anasaini mkataba wa kulipwa. Haruhusiwi hata kumfuata mtoto mapema kuliko miezi 6 kabla ya umri ambao sheria ya nchi inamruhusu kusaini mkataba huo wa kwanza, tena kwa ridhaa ya maandishi ya mzazi. Mkataba wa uwakilishi hauzidi miaka 2. Ukipewa karatasi ya miaka 5 au 10, ichane.

Na viza: ya muda mfupi ya Schengen ni siku zisizozidi 90 ndani ya siku 180, inahitaji bima ya angalau euro 30,000, na kwa mtoto inahitaji ridhaa ya wazazi. Haimpi haki ya kufanya kazi. Vijana wengi waliotelekezwa Ulaya waliingia kwa viza hiyo: majaribio yakaisha, mtu wa faili akazima simu, siku 90 zikapita.

Miaka hii miwili itumie kwa mambo mawili. Hakikisha pasipoti na cheti cha kuzaliwa vina tarehe moja, ile ya kweli. Na hakikisha amesajiliwa rasmi kwenye klabu inayotambuliwa na TFF, akicheza mechi zenye rekodi.

Akifika miaka 18 na England ikamtaka, anaweza kwenda moja kwa moja kutoka Ligi Kuu ya Tanzania? – Msomaji, Muscat

Kwa nadharia ndiyo, kwa hali halisi ni vigumu sana. Tangu Januari 2021 England inatumia alama. Zinazohitajika ni 15, na zinatokana na mechi za timu ya taifa, dakika ulizocheza klabuni, ubora wa ligi yako na mashindano ya bara. Ligi zimepangwa katika madaraja 6. Mfumo ulipoanza, Ubelgiji ilikuwa daraja la pili, na ligi nyingi za Afrika ziko la mwisho, ambako dakika zako zote za msimu huzaa alama chache. Tangu 2023 klabu za England zimepewa nafasi chache za kusajili wasiofikisha alama, lakini huzitunza kwa vipaji vya kipekee.

Utaratibu wa zamani nao ulikuwa mkali. Januari 2010 McDonald Mariga wa Kenya alikuwa ameshakubaliana na Manchester City, kibali cha kazi kikakosekana. Akaenda Inter Milan, na miezi minne baadaye Inter wakawa mabingwa wa Ulaya. Samatta mwenyewe, mwaka 2020, alitoka nchi iliyokuwa nyuma ya nafasi ya 130 duniani, wakati kibali cha moja kwa moja kilihitaji nchi iliyo ndani ya 50 bora. Bila ubingwa wa Ubelgiji, Ligi ya Mabingwa na thamani iliyotokana navyo, Villa wasingekuwa na hoja ya kumwombea.

Tuna akademi ndogo. Mchezaji wetu akiuzwa Ulaya baadaye, sisi tunapata chochote? – Mwalimu, Tabora

Mwalimu, mnapata, mkiwa na makaratasi. Kuna mafungu mawili.

Fungu la mshikamano ni asilimia 5 ya ada ya uhamisho, hugawiwa klabu zote zilizomlea kati ya miaka 12 na 23. Kila mwaka wa umri wa 12 hadi 15 una asilimia 0.25 ya ada, na kila mwaka wa 16 hadi 23 una 0.5. Chukua mchezaji mwenye umri na njia kama ya Samatta, auzwe kwa euro milioni 10. Msimu mmoja wa Simba, aliotimiza miaka 18, una thamani ya euro 50,000. Misimu minne na nusu ya Mazembe, asilimia 2.25, ni euro 225,000. Na hulipwa kila anapouzwa kwa ada akiwa ndani ya mkataba, hata akiwa na miaka 30. Akiondoka bure mkataba ukiisha, fungu hili halipo.

Fidia ya mafunzo ni tofauti. Hulipwa anaposaini mkataba wa kwanza wa kulipwa, na anapohama nchi kabla ya kwisha kwa mwaka anaotimiza miaka 23. Hupimwa kwa gharama za klabu inayompokea. Tuseme mmemlea kuanzia mwaka wa umri wa 14 hadi 17, kisha anasajiliwa na klabu ya Ulaya ya kundi la 2 kwa gharama hizo. Miaka ya 14 na 15 huhesabiwa kwa kiwango cha chini, euro 10,000 kila mmoja. Ya 16 na 17 ni euro 60,000 kila mmoja. Jumla 140,000.

Yanayoharibika ni yaleyale kila mahali. Akademi haijasajiliwa kama mwanachama wa shirikisho, hivyo kisheria haipo. Au ipo, lakini kijana alicheza miaka mitatu bila kuingizwa kwenye usajili wa kielektroniki, na pasipoti yake ya mchezaji, yaani rekodi ya klabu alizosajiliwa, inaonyesha shimo. Tangu 2022 malipo haya hupitia nyumba ya malipo ya FIFA iliyoko Paris, nayo hutazama rekodi hizo. Au jina limeandikwa Mohamed mwaka mmoja na Mohammed mwaka uliofuata, mfumo ukawaona watu wawili. Au mmiliki ameombwa kusaini barua ya kusamehe fidia "ili kijana asikwame", akasaini kwa jezi seti mbili na mipira.

Kabla ya msimu huu kuanza, chukua orodha ya vijana wako wote wa kuanzia miaka 12, linganisha kila jina na cheti cha kuzaliwa herufi kwa herufi, kisha nenda nayo ofisi ya chama cha soka cha mkoa uone nani ameingizwa na nani bado. Barua ya kusamehe fidia ikija, usiisaini siku hiyohiyo. Omba kiasi kinachosamehewa kiandikwe kwa tarakimu, umwite mwanasheria, na uulize kwa maandishi kama mgao wa mauzo yajayo unaweza kuwekwa badala yake.